Kipanga Gani

Kipanga akishuka uani na kuondoka na kifaranga, mtu mwenye akili timamu hupiga kelele, huokota jiwe, hulirusha ovyo na kuvunja kioo cha jirani. Ndivyo wanavyofanya mtaa mzima wa Kikula na hakuna anayelaumiwa. Barnabé Banza peke yake ndiye aliyetoka ndani na kandambili zake, bila haraka, akakinga jua kwa kiganja, akamtazama ndege mpaka akawa nukta, kisha akauliza: "Kipanga gani?"

Swali hilo liliwachoma watu. Mama aliyetoka kunyang'anywa kifaranga sasa hivi hataki kujua kipanga gani, anataka kifaranga chake. Mtaa ukambandika jina la Papa Kipanga-Gani, ukidhani atakasirika na kuacha. Barnabé akalipokea kama mtu aliyepandishwa cheo. Akiitwa hivyo sokoni aliinua mkono na kuitika.

Na tuseme kweli, swali lenyewe halikuwa la kijinga. Kwa watu wengi wa Likasi, ndege yeyote mwenye mdomo wa ndoano na kucha za kushikia ni kipanga, na mazungumzo yameishia hapo. Aliyekaa kwenye nguzo ya umeme, kipanga. Anayezunguka juu ya soko akinyemelea matumbo ya samaki, kipanga. Barnabé hakuweza kuvumilia.

"Mweye bote munasema kipanga, kipanga," alikuwa akiwaambia. "Ni sawa vile kusema muntu aliniibia. Muntu gani? Eko na ndevu? Alivala nini? Hata polisi atakuuliza."

Elimu hiyo aliipata akifanya kazi ya kufunga na kufungua mabehewa kule Shituru, kazi ambayo sehemu yake kubwa ni kungoja. Injini ikichelewa wenzake walicheza dama. Yeye alitazama juu. Baadaye kazi iliposimama, aliwabebea mizigo wageni fulani waliokwenda kuhesabu ndege upande wa Kundelungu, nao wakati wa kuagana wakamwachia darubini ambayo jicho lake moja lilikuwa limepasuka. Jicho la kushoto lilionyesha dunia, la kulia lilionyesha ukungu mtupu. Barnabé alisema lile moja linatosha, kwani hata bunduki hulengwa kwa jicho moja.

Akawa mwalimu bila kuombwa. "Anzia mukia," alimfundisha yeyote, hata aliyekuwa anapita tu na ndoo yake ya maji kichwani. "Kisha kifua. Kisha chini ya mabawa. Miguu ya mwisho." Mwenye mkia wa panda kama wa samaki na mdomo wa manjano ni mwewe, mwizi wa mikate ya kukaanga na wa vifaranga vilevile. Mwenye mgongo wa kijivu, na mstari mmoja mweusi ulioshuka katikati ya koo jeupe, ni kipanga wa mijusi. Huyo hana habari na kuku wa mtu. Mweusi wa kishungi kirefu kinachochezeshwa na upepo, ambaye akiruka utaona madirisha meupe kwenye mabawa yake, ni tai-kishungi, na chakula chake ni panya.

Huyo wa kishungi ndiye aliyempa Barnabé kichwa kikubwa. Ndege huyo alizoea kutua kwenye nguzo mbele ya nyumba ya jirani yao Ruphin, na Ruphin, mfanyabiashara wa magunia ya madini na mtu wa maombi ya kufunga, alishasema kwamba ndege anayevaa kofia hatumwi na Mungu. Wakaja watu na manati. Barnabé akasimama chini ya nguzo asubuhi nzima, amepanua mikono, akiwazuia, mpaka ndege akashuka kwenye majani na kupanda tena na panya mnene kwenye kucha zake. Akina mama walipiga vigelegele. Ruphin mwenyewe akampa mkono. Tangu siku ile Barnabé hakukosea tena, kwa maoni yake mwenyewe.

Mkewe Émérence alikuwa na maoni mengine, ila hakuwa na haraka ya kuyatoa. Alikuwa mwanamke wa maneno machache na kuku wengi. Kila kuku wake alifungwa mguuni kitambaa chekundu cha kitenge ili asichanganyike na wa jirani, naye aliwajua mmoja mmoja hata bila kitambaa: huyu mwoga, huyu mchokozi, huyu anataga kwa watu. Barnabé alipenda kusema kwamba kuku ni ndege aliyeshindwa. Hata hivyo alimla vizuri sana.

Hapa ni lazima tuzungumzie firigisi. Kuku akichinjwa katika nyumba za watu kama Barnabé, vipande vyake vina wenyewe. Paja laweza kwenda kwa mgeni, mgongo kwa mama wa nyumba, shingo na miguu kwa atakayekuwapo. Firigisi, au gésier kama wanavyoiita pale, ni ya baba mwenye nyumba. Haiombwi, haigawanywi, wala haipotei jikoni kwa bahati mbaya. Mke akipakua kuku na firigisi haipo, anaweza kuitiwa kikao cha ukoo, na wapo walioitiwa. Émérence alikuwa amempikia mumewe kuku tangu wote wawili wana meno yote. Aliipasua firigisi, akaisafisha mchanga, akaimenya ile ngozi ya manjano ya ndani, akaiunga na kitunguu, akaiweka juu kabisa ya bakuli la Barnabé ili aione kwanza. Yeye mwenyewe hakuwahi kuionja.

Kiangazi cha mwaka huo, baridi ya asubuhi ikiwa bado inawafanya watu waote moto wa makaa milangoni, vijiti vilianza kuanguka uani kutoka kwenye mkaratusi mrefu ulio nyuma ya choo. Émérence aliviokota akawashia jiko.

"Baba Élie, kule juu kuko kiota," alimwambia mumewe, akimwita kwa jina la mwana wao.

"Ni upepo," alijibu Barnabé.

Upepo uliendelea kudondosha vijiti hata siku ambazo majani hayakutikisika. Kisha kuku wakaanza kupungua. Safari hii hawakuwa vifaranga tu. Walikuwa mitetea ya kukaribia kutaga, kwa Émérence na kwa Ruphin, na mara moja bata mchanga. Barnabé alifanya kazi yake. Alikaa na darubini yake ya jicho moja mpaka akamwona mwizi, na maelezo aliyoyatoa mtaani hayakuwa na kasoro yoyote: ni kozi mweusi, mgongo mweusi tii, kifua cheupe kama shati la Jumapili, jicho jekundu, mkia wenye mapingili, na jike lake ni kubwa kuliko dume. Watu walishangaa jinsi anavyojua. Walipomuuliza anaishi wapi, alisema mbali, kwenye miti ya reli kule Shituru. Hilo hakuliona kwa darubini. Alilikisia tu, kwa sababu Shituru ndiko alikoanzia kutazama ndege na aliamini kila ndege wa maana ametoka huko.

Mvua za kwanza zilipokaribia, akatokea mwingine kwenye mkaratusi. Huyu alikuwa wa kahawia, na kifuani ana michirizi myeusi iliyoshuka kama wino uliomwagikiwa na maji. Alikaa kwenye tawi moja siku kutwa, akilia. Barnabé alimwangalia sana, akashusha darubini, uso umemng'aa.

"Tai-nyoka," alisema. "Mama Élie, tumepata baraka. Huyu anakulaka nyoka tu. Kuku haigusi."

Émérence alikuwa anachambua mboga ya lengalenga. Hakuinua kichwa. "Eko mutoto ya ile nyeusi," alisema.

"Mutoto namna gani? Angaria manyoya. Ile nyeusi na nyeupe, hii kahawia. Ile kifua safi, hii kifua ya mistari. Ni ndeke mbili za mbalimbali."

"Ulisemaka tai-nyoka eko na macho ya manjano, makubwa sawa ya bundi. Huyu macho yake iko ya manjano?"

"Kutoka hapa chini rangi inapotea."

"Na miguu? Ulisemaka miguu yake iko nyeupe. Huyu miguu iko manjano."

Barnabé alifikiri kidogo. "Amekanyaga udongo," alisema.

"Juu ya muti?"

Barnabé alifuta kioo cha darubini kwa upindo wa shati, kile kioo kibovu. Émérence sasa aliinua kichwa. "Asubuhi yote analia. Anaomba chakula. Élie alikuwa analia vile vile, nikichelewa sokoni. Minye najua kilio ya mutoto."

"Kilio si alama. Shiye tunaangaria manyoya."

"Élie yako anavalaka jean ya kupasuka na nywele ametia manjano. Weye unavala costume na cravate. Ni kusema Élie haiko mutoto yako?"

Barnabé aliomba maji ya kunywa. Alipoletewa hakuyanywa. Jambo hilo lilimuuma, si kwa sababu aliona mkewe yuko sahihi, maana hakuona, ila kwa sababu mkewe alikuwa ameuliza maswali mazuri, maswali ya mtu aliyekuwa akisikiliza miaka yote bila kuonekana anasikiliza. Mwalimu anayeishi na mwanafunzi wa namna hiyo hana raha.

Siku chache baadaye Ruphin aliingia uani na manati mkononi, nyuma yake watu kadhaa wa barabara ile. Kuku wake watatu hawapo. Alitaka ndege wa mkaratusi ashushwe na mti ukatwe, leo.

"Kipanga gani?" aliuliza Barnabé, akiwa ameshajua.

"Ile ya brown. Anakaa juu ya kichwa yako kila siku, na weye unamuangaria kama televizyo."

Barnabé akapanda juu ya kigoda. Alieleza mkia, kifua na mabawa. Alieleza jinsi nyoka walivyo wengi kwenye majani ya Kikula mvua zikianza, na jinsi mtu anayemuua tai-nyoka anavyowakaribisha nyoka wamtembelee kitandani. Aliwakumbusha panya wa tai-kishungi. Watu walianza kutazamana, kwa kweli panya yule walimwona kwa macho yao. Ruphin tu ndiye hakulegea.

"Na akikula kuku?" aliuliza Ruphin.

Hapo ndipo Barnabé angeweza kusema tutaona, akashuka kwenye kigoda, mambo yakaisha. Lakini alikuwa juu, na watu walikuwa chini wakimtazama, na mkewe alikuwa amesimama mlangoni na mwiko mkononi. Kinywa kikamtangulia.

"Akikula kuku," alisema Barnabé, "minye sitakula tena gésier katika nyumba hii. Atakula Mama Élie."

Mwanamume mmoja mtu mzima alivua kofia. Ruphin alirudisha manati mfukoni taratibu, kwa sababu neno kama hilo mtu halisemi kwa mzaha. Aliyelisema ameweka ubaba wake mezani. Émérence alimtazama mumewe, akautazama mwiko, akarudi jikoni.

Barnabé aliona ni vizuri jambo limalizwe hadharani. Akawaalika wote Jumapili baada ya ibada waje wamwone tai-nyoka akila nyoka. Jumapili wakaja kweli, na mabenchi yao, wengine wakiwa bado na nguo za kanisani. Yule wa kahawia alikuwa kwenye tawi lake. Barnabé aliwapitishia darubini mmoja mmoja, akiwaelekeza jicho lipi watumie, na akina mama walisema ni mzuri. Émérence alikaa pembeni akisokota nywele za binti wa jirani. Hakuomba kuangalia.

Walingoja. Ndege alilia. Alilia tena kwa haraka, akiinama na kutikisa mabawa yaliyolegea, na Barnabé akanong'ona kwamba hiyo ndiyo namna anavyomwita nyoka. Kisha kutoka upande wa soko kikaja kivuli chini kwa chini juu ya mabati, kikapanda ghafla kwenye mkaratusi. Akatua ndege mkubwa, mgongo mweusi tii, kifua cheupe kama shati la Jumapili. Kwenye kucha zake kulining'inia mtetea, na mguuni mwa mtetea kulikuwa na kitambaa chekundu cha kitenge.

Mama akamkabidhi mwanawe. Yule wa kahawia alimfunika mtetea kwa mabawa yote mawili, akaanza kumnyonyoa. Manyoya ya kuku yakashuka polepole, yakatua mabegani mwa watu. Mwishowe Ruphin aliondoa darubini jichoni, akamgeukia Barnabé kwa upole kabisa.

"Papa Banza," alisema. "Nyoka gani?"

Kicheko kilichofuata kilisikika, wanasema, mpaka barabara ya nne. Watu waliegemeana, mabenchi yalianguka, na mzee mmoja alikaa chini kwenye vumbi na suti yake ya ibada akaomba apigwe mgongoni. Barnabé alisimama katikati ya manyoya. Aibu ilimpanda kutoka magotini, akaisikia ikifika masikioni. Alimtafuta mkewe kwa macho, akitegemea kumwona anacheka naye. Émérence hakuwa anacheka. Alikuwa ameinamia kichwa cha binti, anaendelea kusokota, na hilo likamwumiza Barnabé zaidi ya kicheko.

Ruphin alitaka shoka. Émérence ndiye aliyemjibu, kwa kuwa siku hiyo hakuna aliyemuuliza Barnabé kitu. Alisema mti ni wa kivuli cha jiko lake, na huyo mtoto atakua aende, kama watoto wote. Kisha akatoa vyandarua vikukuu ndani, akavishona pamoja, akafunika uzio wa kuku, na vipande vilivyobaki akampa Ruphin kwa ajili ya bata wake. Ruphin alikwenda navyo. Kuku waliacha kupungua, na kozi wakahamishia shughuli zao kwa njiwa wa kanisani.

Barnabé naye alipata ugonjwa mpya: hakutaka tena kuku. Alisema nyama ya kuku inampa kiungulia. Alisema samaki wa ziwani ni mzuri kwa damu, na maharagwe ni mazuri kwa umri wake. Émérence alipika samaki, akapika maharagwe, akapika sombe ya majani ya muhogo, bila kuuliza. Mtaani walimsalimu Barnabé kwa adabu nyingi kuliko kawaida na kumuuliza kama nyoka wanapatikana. Alijifungia na darubini yake na hakuitumia. Usiku hakulala vizuri, akijua kwamba neno lililosemwa mbele ya watu haliozi, na kwamba siku moja katika nyumba ile kuku atachinjwa.

Siku hiyo ilikuja na basi la Kakanda. Alishuka Yaya Mwadi, dada yake mkubwa, mwenye fimbo, mkoba na mwili wa kutosha watu wawili. Yaya Mwadi ndiye aliyemlea Barnabé mama yao alipofariki, ndiye aliyemtafutia mke, na ndiye aliyekumbuka kila desturi ya ukoo pamoja na zile ambazo ukoo ulikuwa umezisahau kwa makusudi. Mgeni wa namna hiyo huwezi kumpa maharagwe. Barnabé alijaribu.

"Yaya, tuko na samaki muzuri ya ziwa Tshangalele," alisema.

"Mifupa," alisema Yaya Mwadi, akikaa. "Minye nakulaka kuku."

Jogoo akachinjwa. Barnabé alisikiliza harufu ya kitunguu ikitoka jikoni kama mtu anayesikiliza hatua za polisi. Habari za mkaratusi zilikuwa hazijafika Kakanda. Dada yake hakujua lolote. Akajiambia kwamba labda Émérence amesahau. Akajiambia kwamba mambo ya kigoda ni ya kigoda. Akajiambia pia kwamba mbele ya Yaya Mwadi mwanamume hawezi kuvuliwa heshima, na kwamba hiyo itakuwa ni kumkosea dada, siyo kumkosea mke. Alijiambia mengi, na hakuna hata moja lililomtuliza.

Bukari ikaletwa, ugali wa moto, na mabakuli. Émérence akanawisha watu mikono. Barnabé akafunua bakuli lake.

Firigisi ilikuwa juu kabisa, imepasuliwa vizuri na kumenywa, imeungwa na kitunguu, mahali pake pa siku zote.

Alimtazama mkewe. Émérence alikuwa anamega bukari, macho chini, uso wake hauna neno. Hakuwa amesahau. Alikuwa amemfungulia mlango ili apite bila dada yake kuona, na mlango huo aliufungua mwenyewe, yeye aliyekuwa ameshinda. Barnabé alitambua kwamba akiimeza firigisi ile hakuna atakayesema kitu, leo wala kesho. Itabaki kati yao wawili tu, mezani, kila kuku atakapopikwa. Alifikiri juu ya maswali yale mazuri, macho ya manjano, miguu, udongo juu ya mti, na jinsi alivyomwambia kwamba kilio si alama.

Akaichukua firigisi kwa vidole, akanyoosha mkono juu ya meza, akaiweka juu ya bukari ya Émérence.

Yaya Mwadi aliacha kutafuna. "Barnabé," alisema. "Uko mugonjwa?"

"Hapana, Yaya."

"Unamupatia muke gésier mbele yangu. Baba yetu angalikuwa hapa angalisema nini?"

"Niliweka neno, Yaya. Mbele ya bantu. Na nilishindwa."

"Neno ya nini?"

Barnabé alieleza. Alieleza vibaya, akirukaruka, lakini alieleza yote, hata udongo juu ya mti. Yaya Mwadi alisikiliza na paja la kuku mkononi, macho yakimtoka.

"Kwa sababu ya ndeke," alisema alipomaliza.

"Hapana kwa sababu ya ndeke. Mama Élie aliniambia kweli, na minye nilikatala kumusikia. Nilikuwa naangaria manyoya tu."

Hapo Émérence alisitisha mkono wake. Machozi yalimjaa, akayafuta kwa kifundo cha mkono kwa sababu vidole vilikuwa na mchuzi. Firigisi ilikaa mbele yake na hakuigusa. Wote watatu waliitazama. Yaya Mwadi aliitazama kuliko wote, akaweka paja lake chini, akajikohoza.

"Mama Élie," alisema, na sauti yake ilikuwa imeshuka, si ya mtunza desturi tena. "Niko na umri huu. Nilimupikia baba yangu, nikapikia bwana yangu mpaka akakufa, sasa napikia batoto yangu. Siyaionjaka hata siku moja. Nikatie kipande kiloko."

Émérence hakungoja aombwe mara ya pili. Aliigawanya firigisi kwa kucha ya kidole gumba, akampa wifi yake nusu iliyo kubwa kidogo, kwa heshima ya umri. Wanawake wawili wakatia kinywani kwa wakati mmoja. Wakatafuna. Wakaendelea kutafuna. Barnabé aliwatazama mashavu yao yakienda na kurudi, akashindwa kuendelea kula.

Yaya Mwadi ndiye aliyemeza kwanza. Alitazama mkono wake mtupu, akatazama bakuli, akamtazama Émérence.

"Ni hii tu?" aliuliza.

"Iko nguvu sawa mupira," alisema Émérence.

"Miaka yote banatufichia hii?"

Wakaanza kucheka. Yaya Mwadi alicheka mpaka fimbo yake ikaanguka, Émérence alicheka mpaka akashikilia meza, na kila mmoja alipotaka kunyamaza alimwona mwenzake bado anatafuna kipande kilichokwama kwenye jino, wakaanza upya. Barnabé hakujua acheke au aombe radhi kwa niaba ya baba zake wote. Akacheka, kidogo mwanzoni.

"Basi kama haiko tamu," alisema alipoona wametulia, "ya Noeli munaweza kunirudishia."

"Hapana," alisema Émérence, akijipangusa macho. "Ya Noeli pia utaniletea."

Yaya Mwadi aliitikia kwa kichwa na kurudi kwenye paja lake. Barnabé alivuta bakuli karibu, akatafuta ndani ya mchuzi, akapata shingo ya jogoo, akaanza kuitafuna polepole.